Dari ya Jirani

Njoro,
19 Januari 2025

Jemutai mwanangu,

Chamgei. Natumaini baridi ya huko haijakumaliza. Hapa tuko wazima. Baba yako Kiptum bado anapikia madereva wa malori kule Salgaa, na mgongo wake unamsumbua kama kawaida, lakini ukimwambia apumzike anakuuliza nani atakata nyama. Ngano imevunwa kabla ya mvua, asante Mungu. Yule ng'ombe mweusi amezaa ndama jike.

Utasema kwa nini shangazi yako, Senge wako huyu, anaandika barua na tunaongea kwa simu kila Jumapili. Kwa simu wewe husema "niko sawa" na mimi husema "niko sawa", halafu inakatika. Nilifundisha Kifaransa miaka thelathini na mmoja. Mtu akiandika ndipo namsikia vizuri.

Sasa jambo lenyewe. Nimefika sura ya tisa ya kutafsiri kitabu cha Armand Tessereau. Zimebaki tatu. Unakijua kitabu hicho kuliko mtu yeyote hapa nchini isipokuwa mimi, maana nilikusomea ukiwa bado unakojoa kitandani. Unajua pia ndicho kitabu pekee nilichotoka nacho nyumbani mwaka ule wa machafuko ya uchaguzi, kwenye mfuko wa sweta, na kwamba nilikisoma mara nne pale uwanja wa maonyesho Nakuru tukilala kwenye hema. Mume wangu Kamande alikuwa hajazikwa. Nikasoma habari za mwalimu wa kijiji Mfaransa anayeificha familia ya jirani yake darini kipindi kizima cha vita, nikajiambia: basi mahali fulani kuna mtu aliyeweza kuwaza hivyo. Hilo lilinitosha niamke kesho yake.

Sasa uko huko kwao, na unaandika tasnifu juu yake. Nenda mji wake. Itazame nyumba. Watafute watu wa ukoo wake uwaombe ruhusa, maana nataka kitabu kisomwe kwa Kiswahili nikiwa bado hai. Na uniambie alikuwa mtu wa namna gani.

Usinipigie Jumatano, siku hizo huwa siko.

Senge wako,
Chelimo


Lyon,
2 Machi 2025

Senge mpendwa,

Shikamoo. Barua yako ilifika ikiwa imelowa kidogo lakini nimeisoma yote. Nimefurahi kusikia habari ya ndama. Mpe jina zuri, si kama yule mliyemwita Deni. Mimi nakula vizuri, usiamini picha. Ugali naupika kwa unga wa Waitaliano, ni wa manjano, lakini ukifumba macho unaweza kuusamehe.

Nilienda. Ni mji mdogo kando ya mto Loire, treni inasimama kama inaona haya. Kuna barabara yenye jina la Tessereau, shule yenye jina lake, na kibao cha shaba kwenye nyumba. Nyumba yenyewe ni ya kawaida kabisa, ghorofa moja, madirisha ya kijani. Nilisimama nje nikakufikiria mpaka mama mmoja akaniuliza kama nimepotea.

Haya ndiyo niliyoyapata. Alizaliwa 1903. Baba yake alikuwa fundi wa mapipa ya divai, akafa katika vita vya kwanza Armand akiwa na miaka kumi na mbili. Alilelewa na mama na nyanya. Akawa mwalimu wa shule ya msingi palepale, hakuhama maisha yake yote. Hakuoa. Aliandika vitabu sita. Vile vitatu vya kwanza havikusomwa na mtu. Halafu vita vikaisha, akatoa kitabu chetu mwaka 1947, akapewa tuzo, na watu wakaanza kumwandikia kutoka kila mahali wakimwita mwalimu wa dhamiri. Alifariki 1971, na mji mzima ulimzika.

Anayetunza makumbusho yao, chumba kimoja tu, aliniambia bado kuna bibi mmoja aliyemjua tangu utotoni, Madame Odette. Ana miaka tisini na mmoja. Amekubali nimtembelee mwezi ujao.

Halafu, Senge, Joan wa kanisani kwenu aliniambia watu wanashangaa unapanda gari la Elburgon kila Jumatano. Elburgon tena, kule tulikokimbia? Uliapa hutakanyaga huko. Unaenda kufanya nini?

Mwanao,
Jemutai


Njoro,
6 Aprili 2025

Jemutai,

Salamu nyingi. Mvua imeanza kwa fujo, mawe yamepiga kabichi zangu zikabaki kama matambara. Baba yako alilala hospitali siku mbili kwa ule mgongo, sasa ametoka na amerudi kwenye karai lake. Ndama tumemwita Posta, kwa sababu yako.

Joan ana mdomo. Mwambie nilimwambia hivyo.

Asante kwa habari za Tessereau. Kwamba hakuoa sikulijua. Ndiyo maana wanawake kwenye kitabu chake wanaongea kama watu waliosikika kupitia ukutani. Na nyanya yake ndiye bila shaka yule kikongwe wa sura ya pili.

Nina shida ya neno moja tangu mwaka juzi. Ile dari wanamojificha. Sisi nyumba zetu hazina chumba juu ya dari. Ukiandika hivyo msomaji ataona mbao na panya tu. Nimeacha "dari" kwenye jina la kitabu kwa sababu linasikika vizuri, lakini ndani nimeandika "stoo ya mahindi", ile ya mbao iliyoinuliwa kwa miguu, kama tuliyokuwa nayo nyumbani. Sasa inasomeka kama ni kwetu. Pale anapowapelekea chakula kwa ndoo na kukifunika na majivu ili askari wadhani anamwaga taka, hapo sikubadilisha kitu. Majivu ni majivu popote.

Nimejaribu kumsomea mtu kwa sauti nione kama Kiswahili kinatiririka. Kinatiririka.

Bibi huyo alisema nini? Andika kila kitu, hata alivyovaa.

Senge


Lyon,
29 Juni 2025

Senge,

Shikamoo, na samahani kwa kukawia. Nimekuwa na kazi nyingi. Huku joto ni kali kiasi kwamba watu wanalala kwenye bustani. Mwambie baba asiinue sufuria peke yake. Nimefurahi kwamba Posta anakua.

Nilimwona Madame Odette. Ni mtu mzuri. Amezeeka. Alikuwa amevaa gauni la kahawia na sweta, na alinipa chai na biskuti. Aliongea kidogo juu ya Tessereau, mambo ya zamani tu. Hakuna la maana sana.

Kuhusu ruhusa, ukoo wake ni mpwa mmoja tu, na amesema hana neno, tutafsiri. Lakini usiharakishe. Pengine ungepumzika kwanza.

Nakupenda sana.

Jemutai


Njoro,
27 Julai 2025

Jemutai,

Nimepokea karatasi yako moja. Nimekulea tangu mama yako alipofariki, ukiwa na miaka minne. Ukivunja kikombe ulikuwa unakuja kuniambia kwamba unanipenda sana.

Hujambo lakini. Baba yako anaendelea. Baridi ya Julai imekaa hapa kama mgeni asiyeaga.

Kama tunafichana, basi acha nianze mimi.

Jumatano huwa ninaenda kwa Kibii. Ndiyo, huyohuyo. Jirani yetu wa Elburgon, mtu wa kabila letu, aliyeimba sauti ya tatu kwaya moja na Kamande. Unajua watu walivyosema: kwamba vijana walipokuja na kuuliza ni nyumba ipi ina mume asiye wa kwetu, Kibii aliwaonyesha, wakamuua Kamande. Mimi nilikuwa kisimani. Sikuona. Nilisikia tu, na kwa miaka kumi na saba nimelibeba hilo bila kujua kama ni kweli.

Mwaka jana alipatwa na kiharusi. Mkewe alishafariki, watoto wako mbali isipokuwa Chepchirchir, naye ana duka. Mchungaji alitangaza kwamba anahitaji watu wa kukaa naye. Nilikuwa na kitabu mkobani. Nikajiuliza, kama nimeamini maneno haya tangu nilipokuwa kwenye hema, nimeyaamini kwa ajili ya nani? Nikaenda.

Ninamlisha uji. Ninamsomea tafsiri yangu. Hatujawahi kutaja siku ile. Nilipofika pale mwalimu anapofunga mlango wa stoo na kukaa juu ya ngazi akitetemeka, Kibii alilia mpaka nikampangusa kwa kitambaa changu. Nilirudi nyumbani mwepesi, Jemutai. Mara ya kwanza tangu 2008. Nikasema, basi, ametubu, na sikuhitaji hata kumuuliza.

Sasa umejua. Nikasirikie ukitaka. Halafu uniambie huyo bibi alisema nini.

Chelimo


Lyon,
17 Agosti 2025

Senge,

Shikamoo. Nimeirarua barua hii mara kadhaa. Huku hatujambo. Nitaandika tu bila kupamba.

Madame Odette anaishi ghorofani, juu ya duka la maua, ng'ambo ya barabara kutoka nyumba ya Tessereau. Akiwa na miaka minane familia yake ilipanga vyumba vya nyuma kwenye uwanja ulio mbele ya nyumba hiyo: baba fundi cherehani, mama, na wasichana watatu. Fanny, Rosette, na yeye. Walikuwa Wayahudi. Fanny na Rosette, Senge. Majina yaleyale ya kwenye kitabu.

Julai 1942 walikuja polisi, polisi wa Ufaransa wenyewe. Hawakujua mlango ni upi. Tessereau alikuwa amesimama penye pampu ya maji. Wakamuuliza.

Nilimuuliza, "Madame, wewe ulikuwa wapi?"

Akasema, "Kwa mwoka mikate. Mke wake alinishika bega asinipe nafasi ya kutoka. Niliona kupitia kioo. Monsieur Tessereau aliweka ndoo chini, akanyoosha mkono. Hivi."

Akaninyooshea mkono wake, Senge. Mkono wa mtu wa miaka tisini na mmoja, na haukutetemeka.

"Labda walimtisha," nikasema.

"Hawakumtisha. Walimwambia tafadhali."

Walichukuliwa wote, hakuna aliyerudi. Mke wa mwoka mikate alimficha Odette chumba cha unga mpaka vita vikaisha, na hakuandika chochote, hata jina lake halipo kwenye barabara yoyote. Halafu mwaka 1947 Tessereau alibisha mlango akiwa na kitabu kipya kilichotiwa saini. Odette alikuwa na miaka kumi na mitatu. Tessereau akamwambia, "Nimewaandika wote wakiwa hai."

"Alidhani ananipa zawadi," akaniambia. "Nafikiri alikuwa ameshaamini. Miaka ilivyosonga alianza kuwaeleza waandishi wa magazeti jinsi ngazi ya darini ilivyokuwa ikilia. Nyumba yake haina dari ya kuficha hata paka."

Nilimuuliza alikifanya nini hicho kitabu.

"Nilikisoma. Ni kizuri. Hilo ndilo baya lake. Watu hutoka mbali kuja kuniambia kimewasaidia. Mimi huwapa chai."

Sikumwambia habari zako. Nilishindwa kuzitoa mdomoni. Profesa wangu anasema tunasoma vitabu, si watu, na kwamba neno la mzee mmoja halitoshi. Sijaandika ukurasa hata mmoja tangu siku hiyo.

Ningenyamaza, Senge. Nilikuwa nimeamua kunyamaza. Lakini umeniandikia kuhusu Kibii, na sasa kuna la pili.

Siku ile ulinifungia chumbani ukaenda kisimani. Mimi nilipanda kitanda, nikatazama dirishani. Nilikuwa na miaka sita lakini nilikuwa namjua Kibii, ndiye aliyekuwa akinipa makomamanga. Alikuwa amevaa koti la kwaya. Vijana walisimama njia panda, wakaongea naye, wala hawakumgusa. Alinyoosha mkono kwenye nyumba yetu. Halafu akageuka, akaenda kufungua ng'ombe wake.

Sikukuambia kwa sababu hukuniuliza. Na baadaye ulikuwa unakisoma kile kitabu, na nilikuwa naona kinakushikilia.

Nisamehe kwa barua hii.

Jemutai


Njoro,
2 Novemba 2025

Jemutai mwanangu,

Salamu. Baba yako hajambo. Mahindi yamekauka vizuri. Joan ameolewa na Naftaly wa duka la mbolea, harusi ilikuwa nzuri, nilikula keki.

Najua umenipigia sana. Nilikuwa nikiitazama simu ikilia. Huna la kuomba msamaha.

Barua yako ilifika mwanzoni mwa Septemba. Jumatano iliyofuata nilienda Elburgon. Sikubeba kitabu. Kibii alikuwa ameketi uani kwenye kiti cha plastiki, na Chepchirchir alikuwa akifua. Nilivuta kigoda nikakaa mbele yake kabisa, aone mdomo wangu.

Nikamuuliza, "Kibii, siku ile walipokuja, walikuuliza nyumba yetu?"

Akasema, "Waliniuliza."

"Ukanyoosha mkono?"

Akanitazama kama mtu aliyesikia lugha nyingine. "Mwalimu," akasema, taratibu, kwa ule mdomo wake uliopinda, "si niliwaficha? Kwenye stoo ya mahindi. Niliwaletea chakula kwa ndoo. Nikafunika na majivu."

Nilifikiri ananidhihaki. Lakini uso wake haukuwa wa mtu anayedhihaki. Akanishika kiganja, akaniuliza Kamande alikuwa akilala upande gani kule stoo, upande wa mlango au wa ndani, kwa maana hilo limempotea.

Chepchirchir aliacha kufua. Macho yake yalikuwa yamejaa. Akasema, "Amekuwa akituambia tangu Pasaka, Mwalimu. Sisi miaka yote tulikuwa tunatembea tumeinamisha kichwa, watu wakitunong'ona. Kumbe baba alijaribu. Kwa nini hukuwahi kutuambia?"

Jemutai, maneno yalikuwa yangu. "Stoo ya mahindi" nililitafuta mimi, miaka miwili. Nilimsomea Jumatano baada ya Jumatano, nikampangusa machozi, nikadhani ninamwona akitubu. Sijui kama ni kiharusi kilichochanganya mambo kichwani mwake, au kama alisikia mlango umefunguliwa akaingia. Daktari akiulizwa atasema ni ugonjwa. Mimi sitawahi kujua, kama vile yule bibi wako hatawahi kujua.

Nilimwambia Chepchirchir nina haraka ya gari. Sikurudi tena. Jumatano ya kwanza Kibii alikaa uani akinisubiri, niliambiwa. Ya pili pia. Baada ya hapo alikataa uji. Alifariki Oktoba.

Nilienda mazishini. Utauliza kwa nini. Nisingeenda, wangesema yule mjane amekosa shukrani. Fikiria hilo neno.

Walikuwa watu wengi, hema mbili. Chepchirchir alisoma maisha ya marehemu: kuzaliwa, kuoa, kwaya, ushirika wa maziwa. Halafu akasoma kwamba wakati wa machafuko baba yao alihatarisha maisha yake kuwaficha majirani, na kwamba ingawa Mungu aliona vema kumchukua mmoja wao, mjane yuko hapa leo. Mchungaji akaniomba nisimame. Nikasimama. Watoto wa Chepchirchir walikuwa wamekaa mkekani mbele yangu, wamenyolewa vizuri, wakinitazama kama vile mimi ndiye ninayeshikilia jina lao. Mkubwa anaitwa Kibii pia.

Nilikuwa na maneno tayari. Nimewafundisha watu kuzungumza maisha yangu yote. Nilifungua mdomo nikasema, "Kamande alikuwa mume wangu." Nikaketi.

Wakapiga makofi.

Hivi ndivyo ilivyo sasa. Kule Elburgon wamekubaliana, na mimi nimesimama mbele ya mchungaji nikatia muhuri. Wanaojua ni wewe uliyekuwa dirishani, na mimi uliyeniambia, na wale vijana ambao hawatasema. Usije ukafikiri kwamba siku moja nitarudi kusahihisha. Najua siwezi. Nimejipima.

Tafsiri iko tayari, sura zote. Niliimalizia mwezi uliopita kwa sababu sikujua nifanye nini na mikono yangu. Ni kazi nzuri, pengine ndiyo kazi nzuri kuliko zote nilizowahi kufanya. Sitaipeleka kwa mchapishaji, wala usiniombe. Kama mpwa wake atauliza, mwambie mtafsiri amezeeka.

Wewe maliza shahada yako. Andika juu ya mwingine, yeyote. Ukimwona Madame Odette tena, usimweleze habari zangu. Keti naye tu unywe hiyo chai.

Baada ya maziko walinishika mkono, wakaniketisha meza ya familia. Wakaniletea sahani kabla ya wazee, nyama, wali, kabichi, soda baridi. Kila mtu alikuwa akinitazama kwa upendo. Nikala, Jemutai. Sikuwa nimekula tangu asubuhi, na nilikuwa na njaa.

Senge wako,
Chelimo